Nani Ana Haki ya Kusema Gari Imejaa?

Takisi ya hapa Uganda imepewa na sheria abiria 14, na namba hiyo mara nyingi imeandikwa ubavuni. Lakini kila mtu wa Nakivale aliyewahi kwenda Mbarara anajua kwamba namba hiyo ni ya kusoma tu. Gari inajaa Base Camp, inajaa tena njiani kwenye vumbi, na kabla ya kufika lami ya barabara ya Kikagati imeshajaa mara ya tatu. Zile gari ndogo ndizo kabisa: mbele watu wanne pamoja na dereva, nyuma usihesabu. "Mama, mtoto pakata. Muzee, songea kidogo."

Sasa ninauliza: gari inajaa lini? Na nani ana haki ya kusema imejaa?

Sikiliza wanaosema. Polisi anasema imejaa akihesabu vichwa. Dereva anasema haijajaa akihesabu nauli. Aliyekaa dirishani anasema imejaa akihesabu magoti yake. Lakini mimi sijawahi kusikia mama aliyesimama barabarani na mtoto mgongoni, jua linazama, akisema: "Endeni tu, gari imejaa." Yeye akitazama ndani anaona nafasi. Na ajabu ni hii: akishapanda, dakika tano tu, naye anaanza: "Konda, unatupanga kama mihogo!" Mtu ni yule yule na gari ni ile ile. Kilichobadilika ni mahali alipokaa.

Hii si habari ya takisi peke yake. Vijana ninaokaa nao kwenye mazungumzo walinigawanyikia juu ya jambo hili, maana walijua tunaongea nini. Watu wanaendelea kufika kutoka Kongo, na pale bombani na kwenye foleni unasikia wenyeji wakisema, "Kambi imejaa." Wenyeji gani? Wakimbizi kama wao! Nakivale ilianza kupokea Wanyarwanda tangu mwishoni mwa miaka ya 1950. Halafu wakaja Wakongomani, Wasomali, Warundi, Waethiopia, Waeritrea. Kila kundi lilikuta watu wamekaa dirishani. Na wenyeji wa Isingiro, ambao ardhi ilikuwa yao kabla yetu sote, wangesema nini?

Kijana mmoja akasema basi jibu ni rahisi: tufinyane tu, huo ndio utu. Hapo mimi sikubali. Gari ya watu 14 ikibeba 22, breki haijui utu. Ikipinduka kwenye kona, yule mama tuliyemhurumia ndiye ataumia wa kwanza, kwa sababu amekaa mlangoni. Tena dereva anayeongeza mtu wa 22 tusimwite mwenye huruma. Nauli ni yake, hatari ni ya wote.

Lakini namba peke yake pia haitoshi. Mwaka 2020, baada ya kufungiwa kwa sababu ya korona, takisi ziliruhusiwa mwezi wa sita kurudi barabarani na nusu ya abiria. Magoti yalipona, lakini nauli ilipanda. Asiyekuwa nayo alibaki steji. Kwa hiyo ukisema "imejaa", kuna mtu analipa neno lako, na mara nyingi si wewe.

Ninaona kwamba tunachanganya maneno mawili. "Hakuna nafasi" ni habari ya gari: uzito, breki, viti. "Sitaki kusogea" ni habari yangu mimi. La kwanza ni kweli ya kuheshimiwa. La pili mara nyingi linavaa nguo za la kwanza. Namna ya kuyatenganisha ni kuangalia mfuko wangu uko wapi. Kama mfuko wangu umekaa kwenye kiti, sina ruhusa ya kusema gari imejaa.

Na kama kweli imejaa, bado sijamaliza kazi. Aliyebaki barabarani ana haki ya swali moja: gari nyingine inakuja? Hapa ninawageukia ndugu zetu wa mashirika. Gari zenu nyeupe zinatupita na viti vitupu, na tunajua mna sheria zenu za nani apande. Hiyo si lawama yangu. Neno langu ni kwamba Uganda inasifiwa dunia nzima kwa kupokea watu, kwa kuwapa kipande cha ardhi na uhuru wa kutembea na kufanya kazi chini ya sheria ya 2006. Ni kweli, na tunashukuru. Lakini posho ilishuka hadi asilimia 60 mwanzoni mwa 2021, na mwaka 2023 tukagawanywa makundi matatu, kundi moja halipati kitu. Vipande vya ardhi navyo vinazidi kuwa vidogo. Anayesifu ukarimu wetu wa kufinyana bila kuleta gari ya pili anafanana na yule dereva.

Wahenga walisema, mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Hawakusema mfukuze, wala hawakusema mlishe milele. Walisema mpe jembe, maana yake mpe njia ya kujibeba. Sisi tuliofika zamani tunaweza kutoa mfuko kwenye kiti: kumwonyesha mgeni bomba, ofisi, shule, na bei ya kweli ya nauli ili asiibiwe. Hiyo haiongezi uzito wowote kwenye gari.