Joho la Wakili na Kiti cha Mbunge

Wakili humsemea aliyemwajiri. Mbunge huwasemea hata waliomnyima kura. Je, wa pili ahitaji elimu ya wa kwanza? Ibara ya 67 ya Katiba ya Tanzania yamtaka mbunge ajue kusoma na kuandika Kiswahili au Kiingereza. Shahada ya sheria haitajwi.

Gonja, katika Same Mashariki, ilisemewa na Anne Kilango Malecela tangu 2005, hadi 2015 wapiga kura walipomchagua Naghenjwa Kaboyoka wa upinzani. Wote wawili waliikuta miswada mingi kwa Kiingereza (haki gani hii, kumtungia mtu sheria kwa lugha asiyoiota?). Mkulima wa tangawizi wa milimani, ambaye kutoijua sheria si utetezi wake mahakamani, alingoja hadi 2021 Kiswahili kifanywe lugha ya sheria.