Majina Yaliyosomwa Mtaani

Mpango wa kunusuru kaya maskini unaosimamiwa na TASAF ulizinduliwa mwaka 2012, na tangu ufike kwetu Tunduma haupiti msimu wa malipo bila manung'uniko. Mbona mwenye fremu ya duka yumo? Mbona bibi yule anayeokota mahindi yaliyomwagika kwenye maghala, naye analea wajukuu, hayumo? Mei 2020, Zambia ilipofunga mpaka wa Nakonde kwa siku kadhaa kwa sababu ya korona, malori yalisimama. Wapagazi, mama ntilie na wabadilisha fedha wakakosa riziki ya siku, na fedha ile ndogo kila mtu akaiona kuwa ni haki yake aliyonyang'anywa.

Tumezoea kuhubiriwa kwamba kunung'unika ni dhambi, tukikumbushwa Waisraeli jangwani. Lakini Matendo ya Mitume sura ya 6 inasimulia mengine. Wajane wa Wayahudi wa Kiyunani walisahauliwa katika huduma ya kila siku, watu wao wakanung'unika, na Mitume hawakuwakemea. Walichaguliwa watu saba, na majina yote saba ni ya Kiyunani. Yaelekea waliolalamika ndio waliokabidhiwa meza. (Sisi tungewaita wachochezi.)

Hata hivyo wale waliwasemea wajane. Manung'uniko yetu, tukisema kweli, mara nyingi ni ya wale vibarua wa shamba la mizabibu, ambao ujira wao ulikuwa kamili ila jicho lao lilikuwa kwenye kiganja cha mwenzao.

Tena orodha haikushuka kutoka Dodoma. Kaya hutajwa katika mkutano wa mtaa, mbele ya majirani. Ni kweli, uhakiki wa mwaka 2016 ulifichua maelfu ya kaya hewa nchini, na aliyeziandika ana hesabu ya kutoa. Ila siku ile mtaani sisi tulikuwepo. Jina la mwenye fremu liliposomwa tulitazama chini, maana ni jirani na hutukopesha unga. Bibi hakuja mkutanoni. Tunamfahamu, huketi benchi la tatu kila Jumapili. Hakuna aliyemtaja.

Mwezi uliopita, katika kikao cha wazee wa kanisa, tulifungua daftari la mfuko wetu wa diakonia. Tulilisoma jina kwa jina. Bibi hakuwamo humo pia.