Mwenye Haki ya Kusamehe

Mtu akiibiwa mbuzi wake, jirani hana ruhusa ya kumwambia mwizi kuwa amesamehewa. Neno hilo ni la mwenye mbuzi peke yake. Jirani aweza kusihi, aweza kusuluhisha, aweza hata kulipa thamani ya mbuzi kwa mali yake ili ugomvi ukome. Lakini kusamehe hawezi, kwa kuwa hakuibiwa yeye. Kanuni hii ni nyepesi ikitazamwa mlangoni pa nyumba moja. Ikipelekwa katika mambo ya utawala, ambako mtu mmoja husema kwa niaba ya maelfu, huwa nzito. Je, kiongozi wa watu waliodhulumiwa ana haki ya kusamehe kwa niaba yao? Na kama hana, ni kitu gani hasa anachokitoa anapompa mkono hasimu wake?

Swali hili lina wenyewe Tibirinzi. Tibirinzi ni mtaa wa mji wa Chake Chake, kisiwani Pemba, na viwanja vyake vimekusanya mara nyingi mikutano ya siasa. Watu wa huko hawakulikuta swali hili kitabuni, waliishi nalo. Aliyewafikisha mbele yake alikuwa mwana wa kisiwa chao, Seif Sharif Hamad, ambaye hata katika vyeo vikubwa hakuvuliwa jina la kazi yake ya kwanza, akaitwa Maalim Seif mpaka kufa.

Alizaliwa Mtambwe mwaka 1943. Alisoma Pemba, kisha Unguja, akawa mwalimu baada ya Mapinduzi ya 1964, na mwaka 1972 akaingia Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kusoma elimu ya siasa. Mwaka 1977 alifanywa Waziri wa Elimu wa Zanzibar, na Februari 1984, Aboud Jumbe alipokwisha kujiuzulu na Ali Hassan Mwinyi kushika urais wa Zanzibar, akawa Waziri Kiongozi. Cheo hicho kilifanana na kile cha mawaziri wakuu wa majimbo ya India: kikubwa nyumbani, lakini chini ya kivuli cha dola iliyo pana zaidi. Mwaka huo Zanzibar ilipata katiba mpya yenye haki za raia ndani yake, na milango ya biashara ikafunguliwa baada ya miaka ya uhaba. Miaka minne haikutimia. Januari 1988 aliondolewa katika uwaziri, na Mei akafukuzwa katika Chama Cha Mapinduzi. Mei 1989 alitiwa ndani, akatoka Novemba 1991. Vyama vingi viliporuhusiwa mwaka 1992, alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa Chama cha Wananchi, CUF.

Hadi hapo dhuluma aliyolalamikia ilikuwa yake mwenyewe. Cheo kilikuwa chake, na miaka ya kifungo ilikatwa katika umri wake. Lau angalisema siku ile kuwa amewasamehe waliomfunga, hapana ambaye angalimwuliza alipata wapi ruhusa.

Lakini mambo hayakukaa katika mpaka huo. Katika uchaguzi wa 1995 alitangazwa kushindwa na Salmin Amour kwa tofauti isiyofika kura 1,600. Chama chake hakikuyakubali matokeo hayo, wala kile cha mwaka 2000 hakikukikubali. Tarehe 27 Januari 2001 wafuasi wake walitoka kuandamana, nao walinzi wa dola wakafyatua risasi. Zaidi ya watu 30 waliuawa, wengi wao Pemba, na wengine wapatao 2,000 wakavuka bahari kwenda Shimoni, nchi ya Kenya. Tangu siku ile daftari la madeni lilikuwa na majina mengine. Aliyedai hakuwa tena mtu mmoja aliyenyimwa kiti. Alikuwa pia mama aliyenyimwa mwana.

Tarehe 5 Novemba 2009 Maalim Seif aliingia Ikulu ya Zanzibar akapeana mkono na Rais Amani Karume. Kutoka katika mkono huo ilizaliwa kura ya maoni ya 31 Julai 2010, ambayo wapiga kura 66 katika kila mia waliikubali, na kutoka katika kura hiyo serikali ya umoja wa kitaifa. Katika uchaguzi wa mwaka huo alitangazwa tena kushindwa, mara hii na Ali Mohamed Shein, kwa kura zisizofika 3,500. Aliyakubali matokeo, akala kiapo cha Makamu wa Kwanza wa Rais.

Na afikiriwe sasa mjane wa Tibirinzi, asiye na jina kwa kuwa ni mfano tu, ambaye mumewe hakurudi siku ya maandamano. Anasikia redioni kuwa wakubwa wamepatana. Vipaza sauti vinashangilia, na majirani waliokuwa hawazikani sasa wanazikana. Yeye naye anafurahi, maana ana watoto, na amani ni chakula cha watoto kuliko cha wakubwa. Lakini usiku anajiuliza: je, na mimi nimesamehe? Nani aliniuliza?

Swali la mjane huyo si la Pemba peke yake. Afrika Kusini, mwaka 1996, jamaa wa Steve Biko walikwenda mahakamani kupinga sheria iliyoiwezesha tume ya serikali kuwapa msamaha wauaji waliokiri. Hoja yao ilikuwa kwamba dola haiwezi kugawa kisicho chake. Walishindwa, na mahakama ilikuwa na sababu zake: bila ya sheria ile pengine ukweli usingalisemwa, na nchi ingalirudi vitani. Walakini kushindwa mahakamani si kushindwa kwa hoja.

Hapa yafaa kutenga mambo matatu ambayo ndimi huyachanganya: kusahau, kusamehe na kusuluhu. Kusahau hakumo katika uwezo wa mtu yeyote. Wahenga walionya kuwa mwenye kovu usidhani kapoa. Kusamehe ni mali ya aliyeumizwa, haikopeshwi wala hairithishwi kwa hati ya chama. Kusuluhu ni jambo jingine. Kusuluhu ni kukubaliana kuwa deni halitadaiwa kwa panga. Halifuti deni, huchagua njia ya kulidai. Hili kiongozi aweza kulifanya kwa niaba ya watu wake, na pengine ni wajibu wake kulifanya, kwa sababu njia ya panga hulipwa na watu wale wale waliokwisha kulipa.

Kwa hiyo mtu akiuliza Maalim Seif alitoa nini mwaka 2009, jawabu ni kwamba alitoa fungu lake. Alitoa madai yake ya kiti, na kisasi cha kifungo chake, na sifa ya mtu asiyepinda, ambayo kwa mwanasiasa ni mali kubwa. Fungu la mjane hakulitoa, wala hakuweza. Alilomwomba mjane ni subira, na subira si msamaha. Aliyeombwa subira bado anadai.

Hoja hii ina mpinzani, na mpinzani huyo ana nguvu. Atasema kuwa subira isiyo na mwisho ni jina zuri la kunyimwa. Kuwa anayepeana mkono kila mara humfundisha hasimu kwamba kosa halina gharama. Naye ana ushahidi. Oktoba 2015 mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi ya Zanzibar aliufuta uchaguzi kabla ya hesabu kumalizika kutangazwa. Ukarudiwa Machi 2016, CUF ikaususia, na umoja ule ukavunjika. Oktoba 2020 Maalim Seif, sasa katika chama cha ACT-Wazalendo, alitangazwa kupata kura 19 katika mia, na chama chake kikasema kuwa watu wake waliuawa Pemba. Baada ya hayo yote, tarehe 8 Desemba 2020, alikula kiapo tena cha Makamu wa Kwanza, chini ya Rais Hussein Mwinyi. Wako waliomwita mvumilivu, na wako waliomwita mchovu.

Lakini ushahidi wa mpinzani, ukitazamwa vizuri, haumlaumu aliyetoa mkono. Humlaumu aliyeupokea kisha akadhani amepokea stakabadhi. Hapo ndipo lilipo kosa. Sulhu humwachia mdaiwa kazi iliyo nzito kuliko ya mdai: kusema kweli, kutaja waliokufa, kuwatunza waliobaki, na kuweka sheria ambayo itamzuia yeye mwenyewe kesho. Baadhi ya kazi hiyo ilianzwa. Tume ya Hashim Mbita ilichunguza yaliyotokea Januari 2001. Na Benjamin Mkapa, aliyekuwa Rais wa Tanzania siku zile, aliyataja mauaji hayo, katika kumbukumbu za maisha yake alizozitoa mwaka 2019, kuwa doa katika urais wake. Neno hilo lilichelewa miaka kumi na minane, na halikumrudisha mtu. Hata hivyo lilikuwa neno la mdaiwa anayelitambua deni, na mahali pa kuombea msamaha huanzia hapo.

Maalim Seif alifariki Dar es Salaam tarehe 17 Februari 2021, siku 71 baada ya kiapo chake cha mwisho, akazikwa Mtambwe alikozaliwa. Fungu lake alikwisha kulitoa, na hapana awezaye kumdai zaidi. Fungu la mjane wa Tibirinzi liko kwake bado. Siku atakayolitoa, kama atalitoa, haitakuwa kwa sababu wakubwa wamepatana. Itakuwa kwa sababu mtu amekwenda kwake, akabisha hodi, akamwomba.