Pepeta Kwanza



Umewahi kumtazama mama akipepeta mchele? Ungo unapanda, ungo unashuka. Makapi yanaruka, mchele unabaki. Kutunga kichekesho ni kupepeta.

Chukua kisa cha Abunuwasi, yule mjanja wa hadithini. Aliazima sufuria kwa jirani. Akairudisha na kijisufuria ndani. Akasema, sufuria yako imezaa. Jirani akafurahi, akapokea vyote. Abunuwasi akaazima tena. Safari hii hakurudisha. Jirani akaja kudai. Akajibiwa: sufuria yako imekufa.

Sikia kisa kilivyopepetwa. Hatuambiwi sufuria ilikuwa kubwa kiasi gani. Hatuambiwi kilipikwa nini. Imezaa, imekufa, basi. Na hilo neno “imekufa” limekaa mwisho kabisa. Litangulize, kicheko kimekwisha kabla hakijaanza.

Halafu mtazame anayechekwa. Si mnyonge. Ni jirani mwenye tamaa, aliyeukubali uongo ulipomnufaisha. Ndiyo maana nakipenda kisa hiki: kinachekesha bila kumwonea mtu. Kwenye ungo, mawe hayapeperuki kama makapi. Yanachambuliwa kwa vidole, moja moja. Neno linalomdhalilisha mtu ndivyo lilivyo.

Wewe unayetamani kutunga, andika kisa kimoja cha jana, hata cha kondakta na chenji. Kisome kwa sauti. Futa neno. Kisome tena. Futa jingine. Na leo kazini, kabla hujawachekesha wenzako, jiulize: neno langu la mwisho ni lipi, na atakayechekwa ni nani?