Wosia wa Mama Mgonjwa



Jioni, katika nyumba nyingi za hapa kwetu Nyakiyumbu, mama na binti wako jikoni pamoja. Ugali wa muhogo unasongwa, sombe iko motoni, na maneno ni machache: lete maji, ongeza kuni, mdogo wako ameoga? Mambo makubwa tunayaahirisha. Tutamwambia mtoto akikua, au kahawa ikishauzwa. Je, wewe ni neno gani unalomwekea?

Juma hili namfikiria Mwana Kupona binti Msham, mwanamke wa jamii ya watawala katika kisiwa cha Pate, karibu na Lamu. Mumewe, Bwana Mataka wa Siyu, aliyekataa kumwinamia Sultani wa Unguja, alifariki mwaka 1856. Mwaka 1858, akiwa mjane na mgonjwa, Mwana Kupona alimwita binti yake, Mwana Hashima, aje na wino na karatasi. Ndivyo unavyoanza utendi wake, shairi refu la wosia kwa binti huyo, nao una beti zipatazo mia moja. Miaka michache baadaye alifariki.

Kinachonigusa ni jinsi anavyoyachanganya mambo. Anaanza na dini, kisha ulimi wenye adabu, kisha anafika kwenye usafi wa nyumba, kuoga na kusuka nywele. Hatenganishi ibada na ufagio. (Yapo mashauri yake juu ya mke na mume ambayo nisingeyahubiri leo; mzigo wote wa kuridhisha amemtwika mke.) Lakini sikiliza anachokumbuka kuhusu ndoa yake: mumewe alipokuwa anakufa, alirudia-rudia kumwambia neno la radhi na kumshukuru, na moyo wa mke ukatulia.

Radhi ya namna hiyo hailetwi na siku ya mwisho. Inatengenezwa asubuhi baada ya asubuhi, mtu anapoacha kosa la jana lipite. Je, nyumbani kwako yuko anayengoja radhi yako? Na wewe mume, mara ya mwisho ulimshukuru mkeo lini, naye akasikia?

Mwana Kupona alikuwa Mwislamu, nasi tunasali kanisani. Hata hivyo Biblia yetu inaijua njia hiyo ya mama kumwachia mtoto mafundisho. Mithali sura ya 31 ni mafundisho ya mama kwa mwanawe mfalme, na Paulo alipomwandikia Timotheo aliwataja bibi yake Loisi na mama yake Eunike, kwa kuwa imani ya kijana yule ilianzia kwao.

Karibu na mwisho wa utendi, mama huyu anawaombea wanawe na ndugu zake, na anamwomba Mungu amponye. Hakungoja apone ndipo aseme. Kama kuandika kunakushinda, simu inarekodi sauti. Kijana yeyote atakuonyesha. Sema kwa Lhukonzo, ikiwa ndiyo lugha mnayoitumia kucheka na kugombana nyumbani.