Ushahidi Ulio Chogo



Ndugu zangu Waislamu, katika aya ya 283 ya Suratul Baqara Mola ametukataza kuficha ushahidi, na akabainisha kuwa anayeuficha moyo wake umeingia dhambini. Aya imeshuka katika mambo ya madeni na rehani. Basi damu ya watu je?

Hapa mkoani kwetu Tanga, wilayani Handeni, yapo makazi ya Chogo. Wengi wa wakazi wake ni Wazigua ambao babu zao walibanwa na njaa karne ya 19, wakatolewa pwani hii ya Mrima na kuuzwa Somalia. Waliotoroka walijenga vijiji kando ya mto Juba, wakalima, wakasilimu, na Kizigua hawakukiacha. Vita vilipozuka Somalia mwaka 1991, wanamgambo waliwavamia wakijua hawana ukoo wenye bunduki wa kuwatetea. Walifukua nafaka iliyofichwa mashimoni, wakaua, wakabaka. Baadhi ya waliookoka wakarudi Tanga, nchi waliyoijua kwa masimulizi ya wazee wao tu.

Hawa hawakuundiwa mahakama ya kimataifa. Ndugu zetu wa Rwanda waliipata ya Arusha, na tarehe 2 Septemba 1998 Jean-Paul Akayesu, aliyekuwa meya wa Taba, alitiwa hatiani kwa mauaji ya kimbari. Mashtaka ya ubakaji hayakuwamo mwanzoni. Yaliongezwa baada ya wanawake kusimama mbele ya majaji wakasema yaliyotendeka. Fikirini kama wangenyamaza!

Wala kuandika msiba si jambo geni kwetu. Hemedi bin Abdallah al-Buhriy, mwanachuoni wa Tanga, alitunga utenzi wa vita vya Wadachi, yaani Wajerumani, vya mwaka 1307 Hijria, mwaka ambao Abushiri, aliyepigana nao, alinyongwa Pangani. Aliandika habari za zama zake mwenyewe, nasi tunazisoma hadi leo.

Vijana wa madrasa, simu mnazo. Nendeni Chogo mkarekodi ushahidi wa waliookoka, lakini muombe idhini kwanza. Mzee akitaka kusema Kizigua, mwacheni aseme; tafsiri itakuja baadaye. Asipokumbuka tarehe, muulizeni kama ilikuwa kabla ya Ramadhani au baada yake, kama mto ulikuwa umejaa au umepungua. Msimtie maneno kinywani. Mnajua jinsi wanachuoni wa hadithi walivyohangaikia isnadi: andikeni nani kasema, nani kasikiliza, na lipi aliliona kwa macho, lipi alihadithiwa. Mama asiyetaka kueleza yaliyompata asisumbuliwe, na anayeeleza kwa sharti la kutotajwa, jina lake ni amana shingoni mwenu. Nakala moja ya rekodi mwachieni msimulizi na wanawe.

Aliyekuwa na miaka 40 vita vilipoanza sasa amevuka 70. Anzeni na hao, wiki hii.