Siku Ambayo Hakuna Kilichotokea

Kuna kazi ambayo ikifanywa vizuri haiachi alama. Maji yalichemshwa, mtoto hakuhara. Karo ililipwa kidogo kidogo, binti hakurudishwa nyumbani. Pale Asumbi, kando ya barabara ya Rongo kwenda Homa Bay, wanawake wengi huianza kazi hiyo kabla ya jua, na jioni ukiuliza habari za kutwa utajibiwa kuwa ni salama tu. Salama hiyo imetengenezwa na mtu. Lakini hadithi hupenda tukio: kifo, harusi, vita. Je, sanaa inaweza kusimulia maisha ambayo ubora wake ni kuzuia tukio lisitokee?

Mwandishi Grace Ogot alilikaribia swali hili kuliko wengi. Alizaliwa mwaka 1930 huko Asembo, ng'ambo ya Ghuba ya Winam, akasomea uuguzi Uganda, kisha katika miaka ya 1950 akaandikia redio ya BBC jijini London. Muuguzi anajua jasho lililomo ndani ya usiku uliopita salama wodini. Katika riwaya yake The Promised Land ya mwaka 1966, Ochola anaota utajiri wa Tanganyika. Mkewe Nyapol hataki kuhama. Ni rahisi kumsoma Nyapol kama mke mwoga. Mimi naona kusita kwake ni ujuzi. Anajua kwamba siku yake moja inasimama juu ya watu wengi: jirani wa kumwachia mtoto, mama wa kumwuliza dawa, shoga wa kumkopesha unga. Ochola anahesabu ekari; mambo haya hayana pa kuandikwa katika hesabu yake.

Hata hivyo Ogot alihitaji uchawi na ugonjwa wa kutisha ili tuione hasara ya kuhama na kuwaacha watu hao. Aki Kaurismäki wa Finland naye, katika filamu yake ya mwaka 1990 kuhusu Iris, msichana wa kiwanda cha viberiti, anatuonyesha kwa subira mashine, ukimya na meza ya chakula, halafu anaishia kwenye sumu ya panya. Tukio likashinda tena.

Sikubali kwamba lazima lishinde. Tunadhani kazi za kila siku ni marudio matupu kwa sababu tunatazama mikono tu. Mwenye kuuza dagaa wa omena hupima upya kila asubuhi: nani akopeshwe, kipimo cha gorogoro kiuzwe bei gani, pesa ya chama itolewe leo au ingoje, mtoto yupi anunuliwe viatu kwanza. Huko ni kuamua, na uamuzi una uzito hata pasipo maafa. Wasichana wa shule pale Asumbi wakiandika mchezo wa tamasha la maigizo, natamani kuona mama mmoja jukwaani akichagua kati ya mafuta ya taa na daftari, akibadili nia mara mbili, na asife mtu yeyote hadi pazia lifungwe.